Je, Yafaa Kuwasemesha Wafu?

Msomaji wetu mmoja, mkazi wa Ipuli hapa Tabora, alitujia majuma machache yaliyopita akiwa na simu yake ya mkono na swali moja. Mama yake alifariki mwaka jana. Katika simu ile imebaki sauti ya marehemu, ujumbe usiotimia dakika moja, ambamo mama anamwagiza mwanawe mbegu za karanga na kumkumbusha asisahau chumvi. Basi kijana huyu amesikia ya kwamba siku hizi iko mitambo ambayo, ikipewa kipande kidogo cha sauti kama hicho, yaweza kumfanya marehemu aseme tena: amwite mwanawe kwa jina, ampe pole, amjibu maswali. Rafiki yake ajuaye mambo hayo amejitolea kumfanyia kazi hiyo bila malipo. Akatuuliza, "Je, ni dhambi?"

Hatukumjibu siku ile. Tulimwomba atupe muda, kwa maana tuliona haya kumjibu kwa haraka mtu mwenye msiba. Tena tulipolichunguza swali lake tukakuta si geni kama tulivyodhani.

Tamaa ya kuzinasa sauti za ng'ambo ya kaburi imeitangulia mitambo yenyewe. Mwaka 1837, miaka 40 kabla ya fonografu ya kwanza, Mwingereza Charles Babbage, bingwa wa hesabu na mbunifu wa mashine za kukokotoa, aliandika ya kwamba hakuna neno linalopotea. Kila usemi, alidhani, huitikisa hewa, na mtikiso ule huzidi kuenea pasipo mwisho, hata hewa yote imekuwa kama maktaba kubwa iliyotunza kila kilichowahi kutamkwa na binadamu. Akatoa na mfano ambao sisi watu wa Tabora haufai kutupita hivi hivi: mtumwa aliyetoswa baharini ili chombo cha mwuza watu kipungue uzito. Babbage aliamini kuwa mateso ya mtu yule yameandikwa katika maji na hewa, na kwamba siku ya hukumu hatakosa ushahidi hata kama hakuna binadamu aliyeona. Wataalamu wa leo watuambia hesabu hiyo haitimii, kwa kuwa mtikiso wa sauti hufifia ukageuka joto. Lakini twakiri kwamba tulipoisoma habari hiyo tulitamani iwe kweli.

Thomas Edison wa Marekani alitengeneza fonografu mwaka 1877, na mwaka uliofuata akaandika orodha ya kazi ambazo chombo hicho kingeweza kufanya. Mojawapo ilikuwa kutunza maneno ya mwisho ya watu wanaokufa. Hilo lilikuwa jambo la haki, tena liliwezekana. Lakini mwaka 1920, akiwa mzee wa miaka 73, alimwambia mwandishi wa gazeti kuwa anatengeneza chombo chenye kuhisi mno, ambacho waliofariki, ikiwa wapo na wakitaka, wangeweza kukitumia kusema nasi. Watu wakangoja. Edison akafa mwaka 1931, na chombo kile hakikuonekana.

Wengine hawakungoja. Mwaka 1968 msomi mmoja mzaliwa wa Latvia, Konstantin Raudive, alitoa kitabu akidai kuwa amenasa maelfu ya sauti za wafu kwa kinasa sauti cha utepe. Zilikuwa vineno vifupi vya haraka, vya lugha zilizochanganyika, vikisikika kwa shida katikati ya mvumo wa redio. Wahenga walisema sikio halilali na njaa. Mpe mtu mwenye huzuni mvumo wa upepo, mwache peke yake usiku kucha, na kabla ya mapambazuko atakuwa amelisikia jina lake.

Wala sisi Wakatoliki tusiwacheke wenzetu. Mwaka 1972 gazeti moja la Italia lilitangaza habari za mmonaki Mbenedikto wa Venisi, Pellegrino Ernetti, mtaalamu wa muziki wa kale, ambaye alidai kuwa yeye na wataalamu wenzake wameunda mtambo wa kuona na kusikia mambo yaliyopita. Aliuita kronovisori. Kwa mtambo ule, alisema, walimwona Bwana wetu katika mateso yake, na picha ya uso wa Kristo ikachapishwa gazetini. Haukupita muda mrefu msomaji akaitambua picha ile: ilifanana kabisa na kadi ya posta iliyouzwa Collevalenza, yenye sanamu ya mti iliyochongwa na fundi wa Hispania. Padre Ernetti alifariki mwaka 1994, na mtambo hakuuonyesha kwa mtu. Neno moja latushangaza katika kisa hiki. Mtu huyu alikuwa na Injili nne mezani pake, akazisoma kila siku, na bado akaona hazitoshi mpaka zipate picha.

Nasi huku Unyamwezi hatukungoja mitambo ya Ulaya. Wako Waswezi, chama cha tangu kale, ambao kwa ngoma na manyanga humwita mzimu ampande mtu, na mzimu ukanena kwa kinywa chake. Msimamo wa Kanisa juu ya mambo hayo wajulikana. Mfalme Sauli alimwendea mwanamke wa Endori usiku, amejigeuza asijulikane, akarudi amevunjika moyo kuliko alivyokwenda. Mwaka 1917 Roma ilikataza hata kuhudhuria mikutano ya kuita roho kwa kutazama tu. Hatuna la kuongeza hapo. Lakini haki yatudai tuseme jambo moja juu ya wazee wetu. Mtu aliyenena kwa niaba ya mzimu alikaa mbele ya watu. Walimjua yeye na ukoo wake, wakayapima maneno yake, na kama aliwadanganya walijua mlango wa kubisha kesho yake.

Hata hivyo, swali la kijana wa Ipuli silo lile la Sauli. Yeye haiti mzimu. Ajua wazi kuwa ile itakuwa mashine, na mama yake hatakuwamo ndani. Kwa hiyo hatuwezi kumnyamazisha kwa kumsomea katazo ambalo hakulivunja. Imetubidi tutafute jibu mahali pengine, nasi tumelitafuta karibu, katika barabara ya misafara inayopita katika nchi yetu hii, kwa sababu hatujui mahali pengine ambapo sauti nyingi hivyo zilipita zikapotea.

Barabara ile, kutoka Bagamoyo kupita Ugogo hata Unyanyembe, na kutoka hapa kwenda Ujiji, haikuwa na kimya. Richard Burton, aliyefika Kaze mwezi wa Novemba 1857, ameeleza jinsi misafara ilivyokwenda kwa kelele kutwa: ngoma, mabarghumu, kengele zilizofungwa katika pembe za ndovu, kirangozi akitangulia na wapagazi wakiitikia. Msafara uliokwenda kimya ulionekana kuwa na jambo. Leo ukisimama Kwihara, penye tembe alimokaa Livingstone mwaka 1872, husikii ila upepo katika majani, na labda pikipiki ipitayo mbali.

Katika tembe lile yaliandikwa maneno mengi. Stanley aliandika; Livingstone aliandika karibu kila siku, hata alipoondoka mwezi wa Agosti kwenda safari yake ya mwisho. Maneno hayo yote twaweza kuyasoma hata sasa. Lakini wapagazi waliolala katika ua uo huo, wanawake waliotwanga nafaka ya msafara, na watumwa waliopitishwa njiani wamefungwa minyororo, hao walisema nini? Machache yaliandikwa, na hayo machache yalipita kwanza katika kalamu ya mgeni. Mgeni akichoka, mpagazi alionekana mvivu. Mgeni akifurahi, mpagazi alionekana mtoto mwema. Mpagazi mwenyewe hakuombwa kukisoma kitabu kabla hakijachapwa, wala hakuweza kukanusha.

Mara moja moja aliulizwa mtu. Chuma na Susi, walioubeba mwili wa Livingstone, walifika nao Kwihara mwezi wa Oktoba 1873, wakaupeleka hata pwani. Mwaka uliofuata walichukuliwa Uingereza, na Horace Waller, aliyekuwa akiitayarisha shajara ya marehemu kwa kuchapwa, akaketi nao na kuwauliza habari za siku zile za mwisho. Wakasimulia. Kama wasingalisimulia, dunia isingalijua Livingstone alivyokufa. Inawezekana Waller alilainisha maneno yao hapa na pale. Lakini aliketi, akauliza, wenyewe wakiwapo.

Kisha chombo chenyewe kikaja. Mwaka 1906 Karl Weule, Mjerumani wa makumbusho ya Leipzig, alisafiri upande wa kusini, Lindi na Masasi na Newala, akiwa na fonografu ya silinda za nta. Wapagazi wake walikuwa Wanyamwezi, kwa maana watu wetu walibeba mizigo hata nchi ambazo si zao, na jioni aliwaimbisha mbele ya pembe ya chombo kile. Mnyampara wao katika kitabu cha Weule aitwa Pesa Mbili. Hilo ni jina la njiani. Mama yake, popote alipokuwa katika Unyamwezi, alimwita kwa jina jingine.

Mwaka 1909 Erich von Hornbostel wa Berlin aliandika makala ndefu juu ya nyimbo za Wanyamwezi zilizonaswa kwa fonografu. Aliitoa katika jarida la Anthropos, lililoanzishwa miaka mitatu kabla yake na padre wa Kikatoliki, Wilhelm Schmidt. Hazina ya sauti ya Berlin, ambayo Hornbostel aliiongoza, ina maelfu ya silinda za namna hiyo. Sehemu kubwa yake ilichukuliwa Urusi baada ya Vita Kuu ya Pili, ikarudi Ujerumani, na mwaka 1999 UNESCO iliiandika katika orodha ya kumbukumbu za dunia. Kwa hiyo sauti kutoka ulimwengu uliokwisha kupita zipo kweli, na ajabu hiyo ilifanywa na nta na sindano. Hakuhitajika mmonaki wa Venisi.

Lakini tazameni waliokuwa wamebaki. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873. Utumwa wenyewe, kwa sheria, ulikomeshwa Tanganyika mwaka 1922, yaani miaka 45 baada ya fonografu ya Edison. Hugh Tracey alipopita Tanganyika na vinasa sauti vyake mwaka 1950, akikusanya nyimbo, nazo za Wanyamwezi zikiwamo, bila shaka walikuwako vikongwe waliozaliwa utumwani. Reli ilikuwa imefika Tabora tangu 1912. Hata safari ya kuwafikia haikuwa ngumu. Wasafiri wenye vyombo walitaka ngoma na nyimbo, na twawashukuru kwa kuzitunza. Ni wachache mno waliomwendea bibi kizee wakamwambia, "Bibi, ulikuwa na umri gani ulipochukuliwa, na nani alikuwa akikushika mkono?" Wala tusiwatupie lawama wageni peke yao. Vikongwe wale walikaa katika nyumba zetu. Watu waliona haya kuwauliza, na wao waliona haya kusema, kwa maana asili ya utumwa ilifichwa hata ndani ya ukoo. Kwa adabu hiyo, ambayo haikuwa na ubaya ndani yake, tumepoteza ushahidi ambao Babbage aliutafuta hewani.

Aliyeandika mwenyewe twamjua mmoja aliye karibu nasi, Dakta Adriani Atiman. Alinyakuliwa utotoni katika nchi za Timbuktu, akakombolewa na Mapadre Weupe huko Aljeria, akasomea uganga Malta, na mwaka 1889 akafika Karema, ufukweni mwa Tanganyika. Hapo alitibu watu na kufundisha dini hata kufa kwake mwaka 1956. Aliandika habari za maisha yake. Ukizisoma wajua kuwa anenaye ni yeye, wala hakuna aliyemsemea.

Sasa twaweza kurudi kwa kijana wetu. Mitambo aliyoisikia si uvumi. Mwaka 2020 televisheni ya Korea Kusini ilionyesha mama akikutanishwa na mfano wa binti yake aliyekufa, uliotengenezwa kwa kompyuta, ukisema na kumkimbilia. Mwaka 2022 kampuni ya Amazon ilionyesha hadharani programu ya kuiga sauti ya mtu kwa kusikiliza kipande kisichofika dakika moja. Mfano waliouchagua ulikuwa sauti ya bibi ikimsomea mjukuu hadithi. Yaani chombo alichokiota Edison hatimaye kimepatikana, isipokuwa wafu hawamo. Kinanena kwa sauti yao maneno ambayo hawakuyanena.

Hapo ndipo tunapoona ubaya, kama upo. Kuisikiliza sauti ya mama aliyefariki si kosa, kama vile kutundika picha yake ukutani si kosa. Lakini neno la marehemu ni amana. Watu wengi hudhani amana huharibiwa kwa kupunguzwa. Mtu akikuwekea debe la asali, ukampa mwanawe nusu, umeiba. Lakini ukilijaza maji mpaka likafurika, ukamkabidhi ukisema, "Twaa, hii ndiyo asali ya baba yako," umefanya nini? Debe limejaa, na mtoto hataijua tena ladha ya asali ya baba yake. Mama yule aliagiza karanga na chumvi. Mtambo utamfanya aseme, "Mwanangu, nakupenda, nimekusamehe." Labda angalisema hivyo. Labda alikuwa na jambo la kumkemea. Mtambo hautajua, na yeye hawezi kuinuka akasema, "Sivyo nilivyosema." Tumekwisha kuona barabarani walivyofanyiwa wapagazi ambao wenye kalamu waliwasemea. Hatupendi mtoto amfanyie mama yake jambo lile lile, hata kwa mapenzi. Na tukumbuke kwamba katika koo zetu neno la mwisho la mzazi hugawa mashamba. Leo sauti ya mama yatoa pole. Kesho mwingine ataifanya itoe wosia, na baraza la ukoo litakaa likisikiliza simu.

Kuna aliyetupinga hapa ofisini. Alisema, na tuliona ana haki ya kusikilizwa, kwamba mtu mwenye uchungu huifariji nafsi yake kwa njia nyingi zisizo za kweli kabisa: huota, huongea na kaburi, huvaa shati la marehemu. Mbona hizo hatuzikatazi? Tulimjibu kwamba anayeongea na kaburi hujua nani asemaye. Hakuridhika sana, nasi hatuna jibu bora zaidi la kumpa mpaka sasa.

Kijana aliporudi tulimwambia hatuthubutu kumhukumu kuwa ametenda dhambi kwa kutamani, lakini twamsihi asifanye. Ujumbe ule autunze kama ulivyo. Auhamishe mahali pengine, maana simu huibwa na huanguka majini. Aandike daftarini tarehe yake, mahali mama alipokuwa, na aina ya mbegu alizoagiza. Kisha tukamwomba atusikilizishe.

Ni sauti ya mama mtu mzima, asiye na haraka. Nyuma yake yasikika kinu, na kuku, na karibu na mwisho kikohozi cha mwanamume. Tulimwuliza ni nani huyo anayekohoa. Akaurudisha ujumbe nyuma, akausikiliza mara mbili, akasema hakuwa amekigundua kikohozi kile. Ni baba yake. Baba yu hai, yuko kijijini upande wa Sikonge, ana miaka themanini na zaidi, na babu yake alikuwa mpagazi. Tulimwuliza kama amepata kumhoji mzee habari hizo. Akasema wakikutana husemezana juu ya tumbaku na mvua. Basi la Sikonge huondoka kila siku, nasi tumempa daftari.